Mwanasheria Aliyemkatalia Mkuu wa Nchi

Wazazi wengi, hapa Nyakasanza na kwingineko katika mji wetu wa Bunia, hufurahi wakisikia kwamba mtoto wao ataka kusoma sheria. Husema moyoni: siku moja ataketi karibu na wakubwa, nasi tutapumzika. Furaha hiyo si mbaya. Lakini yafaa tujiulize mapema: mwanasheria aketiye karibu na mkuu wa nchi yuko pale kwa kazi gani? Je, ni kumtafutia mkuu maneno ya kuhalalisha yale apendayo, ama ni kumwonyesha mahali sheria inapomzuia? Maisha ya Mkongo mwenzetu, Marcel Lihau, yatatusaidia kujibu.

Lihau alizaliwa mwaka 1931, wakati wa utawala wa Wabelgiji. Siku zile ilikuwa vigumu mno kwa Mwafrika wa Kongo kupata masomo ya sheria. Mapadre Wayesuiti walimsaidia kuingia Chuo Kikuu cha Louvain, huko Ubelgiji, akawa mmoja wa Wakongo wa kwanza kabisa kusomea kazi hiyo. Basi, nchi ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960, wanasheria wake wenyewe walikuwa wachache mno, na mzigo mzito ukawaangukia hao wachache.

Lihau aliitumikia serikali kuu katika mambo ya haki. Mwaka 1963 alifanywa mkuu wa kitivo cha sheria katika Chuo Kikuu cha Lovanium. Mwaka uliofuata alisaidia katika kazi ya kutunga Katiba ya Luluabourg, mji uitwao leo Kananga. Wananchi waliikubali kwa kura, na ndiyo iliyoipa nchi yetu jina la Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo.

Tarehe 24 Novemba 1965 Jenerali Mobutu alitwaa madaraka yote. Naye alihitaji mwanasheria, akamwagiza Lihau atayarishe Katiba mpya. Katiba hiyo ilikubaliwa mwaka 1967, nayo ilimpa Rais mamlaka makubwa. Hatuwezi kulificha jambo hili: mtu huyu alimtumikia kwa kalamu yake mtawala aliyeingia kwa nguvu za askari. Mwaka 1968 akawekwa kuwa Rais wa kwanza wa Mahakama Kuu ya nchi. Cheo kilikuwa kikubwa, na mwenye kukitoa alikuwa Mobutu.

Wengine wangetosheka na hapo. Lihau alizidi kutetea uhuru wa mahakimu, hata wakati ule chama kimoja kilipokuwa kikimeza kila kitu. Mwaka 1974 Katiba ilibadilishwa, na chama cha MPR kikawekwa juu ya vyombo vyote vya nchi, mahakama zikiwa ndani yake. Mwaka 1975 saa ya kujaribiwa ilifika. Wanafunzi walikuwa wameandamana, na ilitakiwa wapewe adhabu kali. Lihau alikataa kuitekeleza. Mobutu akamwondoa katika cheo, naye akafungiwa nyumbani mwake.

Mateso hayakuishia hapo. Mwaka 1982 alijiunga na wenzake kuanzisha chama cha UDPS, akahamishwa kwa nguvu akakae kijijini. Afya yake ilipodhoofika alikimbilia Marekani mwaka 1985, akafundisha sheria ya katiba katika Chuo Kikuu cha Harvard. Mwaka 1990 alirudi kushiriki mazungumzo ya kuitengeneza nchi. Alifariki Boston mwezi wa Aprili 1999, mbali na kwao.

Wazee husema, asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Lakini mkuu asiyesikia la sheria, ni mguu wa nani utakaovunjika? Mara nyingi si wake. Ni wa raia. Sisi wa Bunia hatuhitaji kufundishwa hayo. Mwezi wa Mei 2003, siku ambazo bunduki ndiyo iliyokuwa sheria, watu waliuawa hata katika parokia ya Nyakasanza, wakiwamo mapadre. Mahali ambapo hakimu hana sauti, mnyonge hana pa kukimbilia.

Kanisa linamheshimu Mtakatifu Thomas More, mwanasheria na mshauri wa Mfalme Henry wa Nane wa Uingereza, aliyekatwa kichwa mwaka 1535 kwa sababu dhamiri yake haikukubali kumfuata mfalme katika yote. Mwaka 2000 Baba Mtakatifu Yohane Paulo wa Pili alimtangaza kuwa msimamizi wa watawala na wanasiasa. Lihau hakudaiwa kichwa, ila alidaiwa cheo, nyumba na nchi yake, akavilipa.

Katiba yetu ya mwaka 2006, katika kifungu cha 151, inaikataza serikali kumwamuru hakimu jinsi ya kuamua. Maneno hayo ni mazuri, lakini karatasi haikatai neno. Anayekataa ni mtu. Na mtu wa namna hiyo hafanyizwi chuoni tu. Huanza kufanyizwa nyumbani, pale baba anapokubali kuambiwa na mtoto, kwa adabu, kwamba hapa amekosea. Enyi wazazi, mkitaka mtoto wenu awe mshauri wa wakubwa, mzoezeni kwanza kuwaambia ninyi lililo kweli, wala msimpige kwa ajili yake.