Tom Wills na Gharama ya Kuitwa Mchezaji wa Ridhaa

Katika kriketi ya Waingereza ya karne ya 19 kulikuwa na mabwana waliocheza kwa ridhaa na watu wa kawaida waliocheza kwa malipo. Fedha hazikuwa msingi wa mgawanyo huo. W. G. Grace, bwana mashuhuri kuliko wote, alipoongoza timu kwenda Australia mwaka 1873 alipewa pauni 1,500 na gharama zote, na safari hiyohiyo ikawa fungate yake. Wachezaji wa kulipwa aliofuatana nao walipata pauni 170 kila mmoja. Ridhaa ilikuwa cheo cha kuzaliwa nacho, na ilikuwa na marupurupu mazuri.

Tom Wills alikaa ukingoni mwa cheo hicho maisha yake yote. Alizaliwa New South Wales mwaka 1835. Babu yake aliletwa Australia akiwa mfungwa. Baba yake, Horatio, akatajirika kwa kondoo. Tom alikulia magharibi mwa Victoria pamoja na watoto wa Djab Wurrung, wenyeji wa asili wa eneo hilo, akaijua lugha yao na nyimbo zao. Alipofika miaka 14 alipelekwa shule ya Rugby, Uingereza, kwa matumaini kwamba atarudi mwanasheria. Alirudi Desemba 1856 akiwa mwanakriketi. Alikuwa amewahi hata kuichezea Cambridge dhidi ya Oxford, ingawa hakuwa mwanafunzi wa chuo hicho.

Melbourne ilimpokea kwa shangwe. Julai 1858 aliandika gazetini akitaka ianzishwe klabu ya mpira wa miguu, wanakriketi wasije wakalegea msimu wa baridi. Hilo likishindikana, basi iwe klabu ya kulenga shabaha kwa bunduki. Mei 1859 yeye na wenzake wachache walikutana katika Hoteli ya Parade wakaandika kanuni 10. Wills alipendelea sheria za shuleni kwake Rugby. Wenzake waliona kwamba watu wazima wenye kazi zao hawana haja ya kupigana mateke ya miguuni. Katika kanuni hizo ndimo ulimoanzia mpira wa Kiaustralia, ambao leo hujaza viwanja vikubwa vya nchi hiyo.

Mwaka 1861 baba alimchukua Tom kwenda kufungua shamba la kondoo Cullin-la-ringo, Queensland. Tarehe 17 Oktoba wenyeji wa huko waliwaua walowezi 19, Horatio akiwemo. Tom alinusurika kwa kuwa alikuwa ametumwa kufuata mahitaji. Mauaji hayo yalifuata ukatili wa walowezi wenyewe dhidi ya wenyeji, na kisasi kilichofuata kiliangamiza watu wengi zaidi ya wale 19.

Miaka mitano baadaye mtu huyuhuyu alikwenda Edenhope, Victoria, kufundisha timu ya kriketi ya wenyeji wa asili, akiwemo Johnny Mullagh. Tarehe 26 Desemba 1866 aliwaongoza kucheza na Klabu ya Kriketi ya Melbourne mbele ya watazamaji wapatao 10,000. Walishindwa, lakini mwaka 1868 timu iliyotokana na ile ilikwenda Uingereza na kucheza mechi 47. Nahodha wa safari hiyo alikuwa Charles Lawrence. Wills aliachwa.

Kufikia hapo kriketi ndiyo iliyomlisha. Klabu ya Melbourne ilimwajiri kwa cheo cha mwalimu, maana neno mshahara lilimchafua bwana. Mwaka 1872 mwamuzi alimhukumu kwa kurusha mpira kwa kukunja mkono. Pombe ikachukua nafasi ya mechi, na Mei 1880, akiwa na miaka 44, alijiua huko Heidelberg, nje ya Melbourne.

Kaburi lake lilikaa miaka 100 bila jiwe. Sanamu yake ilisimamishwa nje ya uwanja wa Melbourne mwaka 2001. Ulevi wake ulikuwa wake, na hakuna haja ya kumtakasa. Lakini utaratibu uliohitaji kipaji chake na kuona haya kumlipa waziwazi nao una sehemu yake ya lawama. Ridhaa ilimfaa Grace, aliyelipwa vizuri. Wills, aliyehitaji kulipwa, ilimwachia heshima isiyonunua mkate.