Kishona Nguo na Soksi Zako

Njoo mwanangu, kaa hapa mkekani. Nimekuona ukirudi kutoka shule. Soksi zimejaa vijiti vyeusi. Vinachoma, ee?

“Vinachoma, Mjomba! Mbona vimenishika mimi?”

Swali zuri hilo! Wengine huvibandua tu wakanuna. Wewe umeuliza. Basi tumwachie kishona nguo mwenyewe, mmea wenye vijiti hivyo, aseme.

“Mimi sina miguu,” asema kishona nguo. “Mvua huniotesha kando ya njia, natoa maua yangu ya manjano, kisha nakauka. Lakini watoto ninao! Shina moja huweza kuzaa mbegu 3,000. Wote wakiangukia hapa, watagombania chungu kimoja. Nani atanibebea?”

Chukua mbegu moja. Iinue juani. Nyembamba kama sindano, sivyo? Kichwani ina miiba miwili au mitatu, na kila mwiba una vimiiba vyake vilivyoelekea nyuma. Ni kama ndoana ya mvuvi wa Vanga: kuingia huingia, kutoka ni kazi.

Mbuzi akipita, wanashika. Mama akipita na leso, wanashika. Wewe ukipita na soksi, wanashika.

“Wanakwenda wapi?”

Mbali, mwanangu! Asili yao ni Amerika, ng'ambo ya bahari. Leo wako hapa Lunga Lunga, na wako Horohoro upande wa Tanzania. Sisi mpakani tunasimama tuonyeshe karatasi. Wao wako kwenye pindo la suruali, wanapita.

Sasa vua kiatu chako. Vuta huo mkanda unaojishika. Kwarrr! Unajua ulitoka wapi? Mwaka 1941, huko Uswisi, mhandisi George de Mestral alirudi matembezini, akakuta manyoya ya mbwa wake yamejaa mbegu za mmea mwingine wenye tabia hii hii. Akauliza kama ulivyouliza wewe. Akazitazama kwa hadubini, akaona vindoana vidogo vidogo. Kutoka hapo akabuni mkanda wa namna hiyo.

Mama yako humng'oa kishona nguo kwenye mahindi, na ana haki, maana hunyonya maji ya mahindi. Ila wako wanaochuma majani yake machanga wakayapika mboga.

“Mjomba, nikizibandua nizitupe wapi?”

Juma lililopita ulizitupa wapi?

“Pale, karibu na mtungi.”

Maji yanapomwagika! Haya, nenda ukachungulie. Inama kabisa. Unaona nini?

“Vijani! Viwili viwili, vya kijani!”

Umewapanda wewe, mwanangu.