Makocha wa Ujerumani hutoka madaraja ya chini

Agosti 2020, janga la korona lilipolazimisha nusu fainali za Ligi ya Mabingwa Ulaya zichezwe zote mjini Lisbon, watatu kati ya makocha wanne waliobaki walikuwa Wajerumani: Hansi Flick wa Bayern, Thomas Tuchel wa Paris Saint-Germain na Julian Nagelsmann wa Leipzig. Flick alikuwa amewahi kutwaa ubingwa wa Bundesliga akiwa kiungo wa Bayern. Wale wawili wengine hawakucheza hata mechi moja ya Bundesliga. Mwaka mmoja kabla yake kombe lilikuwa limekwenda kwa Jürgen Klopp wa Liverpool, beki wa zamani wa daraja la pili. Mwaka 2021 likaenda kwa Tuchel, akiwa Chelsea.

Maelezo tunayosikia mara nyingi ni kwamba Ujerumani iliaibika kwenye Euro 2000, ikatoka na pointi moja tu, kisha ikajenga vituo vya vijana nchi nzima. Hilo ni kweli kwa upande wa wachezaji waliobeba Kombe la Dunia mwaka 2014. Kwa upande wa makocha, halitoshi. Fikra zilizowabeba zilikuwepo tayari miaka ya 1980, na zilizaliwa kwenye viwanja vidogo ambako kamera za televisheni hazikuwa zikifika.

Hadi miaka ya 1990, timu nyingi za Kijerumani zilikaba mtu kwa mtu, huku beki mmoja huru, libero, akibaki nyuma kufagia. Mfumo huo ulikuwa umeipa nchi Kombe la Dunia mwaka 1974 na tena 1990, kwa hiyo klabu kubwa hazikuona sababu ya kuuacha. Lakini ukimkaba mtu kwa mtu, mshindi huwa yule mwenye kipaji zaidi, na kipaji hununuliwa kwa fedha. Timu isiyo na fedha inahitaji hesabu nyingine. Ikikaba eneo badala ya mtu, na ikasogea yote kwa pamoja kuelekea mpira ulipo, hata mchezaji bora wa upande wa pili hujikuta amezungukwa na watu wawili au watatu. Anapoteza mpira wakati wenzake wamejipanga kushambulia, na lango lake liko wazi. Ndiyo maana, huko Ujerumani, kukaba kwa namna hii kulianza kwa wanyonge.

Ralf Rangnick alikutana na jambo hili akiwa kocha-mchezaji wa Viktoria Backnang, timu ya madaraja ya chini karibu na Stuttgart. Katika mechi ya kirafiki, walicheza na Dynamo Kyiv ya Valeriy Lobanovskyi. Rangnick amesimulia kwamba, mpira ulipotoka nje, alisimama akawahesabu wapinzani, maana ilionekana kana kwamba wamezidi 11. Huko huko jimboni alikuwepo Helmut Groß, mhandisi wa madaraja aliyefundisha soka la ridhaa, na wawili hao wakaanza kuuchambua mfumo huo pamoja. Desemba 1998, akiwa kocha wa SSV Ulm, Rangnick aliufafanua mbele ya ubao kwenye televisheni. Wapo waliombeza kwa jina la profesa. Msimu huo huo Ulm ilipanda hadi Bundesliga.

Tawi la pili lilichipuka Mainz. Mwaka 1995 klabu hiyo ilikuwa mkiani mwa daraja la pili ilipomleta Wolfgang Frank, aliyekuwa akivutiwa mno na Milan ya Arrigo Sacchi. Akamwondoa libero, akaweka mabeki wanne, akawafanyisha wachezaji mazoezi marefu ya kusogea pamoja bila mpira. Mainz haikushuka. Kikosini alikuwemo Klopp, mshambuliaji aliyegeuzwa beki wa kulia, mwenye shahada ya sayansi ya michezo kutoka Chuo Kikuu cha Frankfurt. Kwa kipaji cha miguu alikuwa wa kawaida, lakini alielewa kwa nini timu dhaifu ilikuwa imeanza kushinda.

Februari 2001 Mainz ilikuwa tena hatarini kushuka. Ikamfuta kazi Eckhard Krautzun, kocha aliyetembea dunia nzima. Wasomaji wa Kenya wenye umri watamkumbuka, kwa kuwa aliinoa timu yao ya taifa mwanzoni mwa miaka ya 1970. Meneja Christian Heidel hakutafuta jina kubwa. Alimkabidhi timu Klopp, aliyekuwa bado mchezaji. Walinusurika, na mwaka 2004, baada ya kukosa nafasi katika siku ya mwisho ya misimu miwili mfululizo, wakapanda Bundesliga kwa mara ya kwanza katika historia yao.

Tuchel alipitia maumivu makali zaidi. Alikuwa beki wa Ulm chini ya Rangnick goti lilipomlazimisha kutundika daluga mwaka 1998, akiwa bado katikati ya miaka yake ya ishirini. Akasoma, akafanya kazi baa mjini Stuttgart. Rangnick, alipohamia VfB Stuttgart, alimfungulia mlango wa kufundisha vijana wa klabu hiyo. Miaka michache baadaye Tuchel mwenyewe alikuwa akifundisha kikosi cha pili cha Augsburg, na mmoja wa wachezaji wake, Nagelsmann, akaumia goti na kulazimika kuacha soka akiwa na miaka 20. Tuchel alimtuma akawachunguze wapinzani na kuleta ripoti.

Kwangu mimi hapa ndipo penye uzito wa habari yote hii. Mchezaji aliyeumia hakuishia kupewa pole. Alipewa kazi inayohitaji macho na akili, mara moja, kabla hajapotea mitaani. Tena ukocha Ujerumani ni taaluma yenye shule yake. Sepp Herberger alianzisha mafunzo ya makocha mjini Köln mwaka 1947, na leseni ya juu imebaki kuwa sharti la kuongoza timu ya Bundesliga. Hata Franz Beckenbauer, kwa kukosa leseni hiyo, aliiongoza timu ya taifa hadi ubingwa wa 1990 kwa cheo kilichobuniwa kwa ajili yake. Darasani jina halikusaidii kujibu mtihani, na kijana asiyejulikana huweza kuonekana.

Nagelsmann alionekana. Februari 2016 Hoffenheim, klabu ambayo Rangnick aliipandisha kutoka daraja la tatu hadi la kwanza kwa misimu miwili, ilikuwa ya pili kutoka mkiani ilipomkabidhi timu akiwa na miaka 28. Haikushuka. Msimu uliofuata ilimaliza ya nne.