Oili kwenye maji ya rejeta: pima oili kula kabla hujakubali hedi ifunguliwe

Najua mmezoea hapa tuongelee viwavijeshi, ukungu wa nyanya na mbolea ya kukuzia. Leo tunaingia chini ya gari. Kila msimu wa kuvuna napigiwa simu za magari yaliyokwama na mzigo juu, na gari likilala gereji siku tatu, nyanya haziwezi kusubiri. Wengi wenu mmenunua Canter ya zamani au Land Cruiser iliyokwishatumika sana. Hakuna ubaya, ndio mtaji ulivyoruhusu. Ila gari la umri huo lina kifaa kimoja kidogo ambacho kikitoboka kinafanana sana na ugonjwa mkubwa, na hapo ndipo watu wanapoliwa hela.

Kifaa chenyewe mafundi wanakiita oili kula. Kazi yake ni kupoza oili ya injini. Kwenye magari mengi ya dizeli ni bati kadhaa nyembamba zilizounganishwa: ndani yake inapita oili, nje yake yanapita maji ya rejeta. Oili inaacha joto lake kwenye maji, maji yanalipeleka rejeta. Kwenye Canter zenye injini ya 4D33, kwa mfano, iko ubavuni mwa bloku, ndani ya kasha lile lile lililoshika filta ya oili. Kwa nje huioni kabisa, ndiyo maana wenye magari wengi hawajui kama ipo.

Sasa sikiliza kisa hiki. Kijana mmoja analima vitunguu Ruaha Mbuyuni. Alikuwa anapandisha Kitonga na mzigo, anaelekea Makambako. Kufika juu akasimama apumzishe gari, akaangalia chupa ya maji: imejaa kitu kama uji wa kahawia, unateleza ukiushika. Akafika gereji ya kwanza, fundi akachungulia sekunde kumi, akasema, "Kaka, hedi imekufa hiyo. Tufungue." Hapo maana yake ni gasketi mpya, hedi kupelekwa kusawazishwa, boliti, oili, ufundi, na siku kadhaa za kusubiri huku vitunguu viko chini ya turubai.

Akanitumia picha. Mimi si fundi magari, diploma yangu ni ya kilimo, lakini somo la zana tulilisoma na injini ya trekta haina tofauti kubwa na ya Canter. Nikamuuliza maswali matatu tu. Stiki ya oili ikoje? Akasema oili ni nyeusi ya kawaida, haina maziwa. Moshi mweupe? Hakuna. Gari ilichemsha kabla ya hapo? Haijachemsha. Nikamwambia: mwombe fundi afungue oili kula kwanza, hedi iache. Ilipotolewa na kupimwa kwa upepo, ilitoa mapovu kwenye kona moja. Mzigo aliuhamishia gari lingine siku ile ile, na hedi haikuguswa.

Kwa nini maswali yale? Kama unamwagilia kwa matone, tayari unajua jibu. Mpira ukitoboka, kitu kinatoka penye presha kubwa kwenda penye presha ndogo. Injini ya dizeli ikiwa inatembea, oili ina presha ya bar 2 hadi 5 hivi. Maji ya rejeta yana presha ndogo zaidi. Angalia mfuniko wa rejeta yako, magari mengi ya Kijapani umeandikwa 0.9 au 1.1. Kwa hiyo bati la oili kula likitoboka, injini ikiwa inatembea oili ndiyo inayosukumwa kuingia kwenye maji. Chupa inachafuka, na stiki inabaki safi. Kiwango cha oili kinashuka, na chini ya gari huoni tone.

Ukizima, mambo yanageuka. Presha ya oili inaanguka mara moja, lakini maji bado ni ya moto na yana presha yake kwa muda. Sasa maji ndiyo yanayoweza kurudi upande wa oili. Tundu likiwa dogo, hutaona kitu siku za mwanzo. Likikua, utakuta oili kwenye stiki imekuwa kama chai ya maziwa na kiwango kimepanda badala ya kushuka. Hapo usiwashe tena injini hata ya kulisogeza gari uani. Maji hayalainishi beringi, na kulanti ndiyo mbaya zaidi. Ukiua beringi za krankishafti, gharama ya hedi utaikumbuka kama ya pipi.

Gasketi ya hedi iliyoungua ina tabia zake. Mara nyingi kinachovuja pale ni gesi ya mlipuko, siyo oili. Fungua mfuniko wa rejeta asubuhi injini ikiwa baridi kabisa (ikiwa ya moto usithubutu, utaungua uso), mwambie mtu awashe, uangalie maji. Mapovu yakitoka mfululizo, na yakiongezeka akikanyaga mafuta, au mipira ya rejeta ikiwa migumu kama jiwe ndani ya dakika moja wakati injini bado baridi, hapo hedi ni mshukiwa wa kweli. Ongeza moshi mweupe usioisha, maji kupungua bila kuonekana yanakokwenda, gari kuchemsha mlimani. Lakini maji yakiwa na oili tu, hakuna mapovu, hakuna moshi, injini inavuta vizuri: anza na oili kula. Siyo kwamba hedi haiwezi kupitisha oili kwenye maji, inaweza, hata bloku iliyopasuka inaweza. Tunachofanya ni kuanza na kitu cha boliti chache kabla ya kitu cha siku tatu.

Wenye Noah na pikapu za otomatiki, kuna mtego mwingine kwenu. Oili ya gia boksi inapozwa ndani ya rejeta yenyewe. Rejeta ikitoboka ndani, chupa itakuwa na uji wa rangi ya waridi, kama juisi ya stroberi. Hapo kosa liko kwenye rejeta, injini haihusiki, na gia boksi nayo huenda imeshakunywa maji. Usiliendeshe.

Na wale wa Land Rover Defender za 300Tdi, oili yenu inasafiri kwa mabomba hadi pembeni ya rejeta na kurudi. Kwenu tatizo la kawaida ni la nje: bomba linaoza au linaachia pale chuma kinapoungana na mpira. Kagua maungio hayo kila unapofanya sevisi. Likipasuka ukiwa kwenye mwendo, injini inamwaga oili yote barabarani, na taa ya oili ikiwaka una muda wa kuzima tu.

Kuna kufa kwa aina ya pili ambako hakuna uji wala uvujaji. Oili kula inaziba. Miaka ya kutumia maji ya kisima yenye chumvi inaacha ukoko juu ya bati, joto la oili halitoki tena. Dalili: baada ya kupanda mlima mrefu na mzigo, taa ya oili inapepesa injini ikiwa sailensa, ikipoa inaacha. Dalili hiyo hiyo inaweza kuwa oili imepungua, oili pampu imechoka au beringi zimelika, kwa hiyo fundi afunge geji ya kupima presha kwa mkono, asibuni.

Tukirudi kwenye iliyotoboka, kuipima ni rahisi na kila mtaa wenye mtu wa kuziba pancha una kompresa. Oili kula ikishatolewa na kuoshwa, fundi anaziba tundu moja la oili kwa bati na mpira, la pili anafunga kiungio cha upepo, anaizamisha kwenye ndoo ya maji. Apandishe upepo polepole hadi bar 4 au 5, asipitilize, na asiinamie ndoo. Maji yawe ya moto. Matundu mengine hayafunguki mpaka chuma kipate joto. Ndoo ya maji baridi inaweza kukwambia nzima wakati ni mbovu. Subirini dakika kadhaa. Povu moja moja dogo linalorudi sehemu ile ile linatosha kuihukumu.

Kuichomelea mimi sishauri. Bati ni nyembamba, na ukiziba huku joto linalegeza kwingine. Nunua mpya. Ya mtumba unaweza kuipata kwa bei nzuri, lakini jiulize ilitoka kwenye injini iliyokufa kwa nini. Kama ile injini ilikula beringi, vipande vya chuma vimejificha katikati ya bati na havitoki kwa kuosha. Vitatoka vyenyewe vikiwa ndani ya injini yako. Kwa sababu hiyo hiyo, injini yako ikifanyiwa ovahoo baada ya kuua beringi, usirudishe oili kula ya zamani hata kama haivuji. Hapa ndipo mafundi wengi wanapobana matumizi vibaya. Ukilazimika kununua mtumba, ipimwe kwa ndoo dukani mbele yako kabla hujalipa.

Kazi ya kubadilisha yenyewe haina maneno mengi. Maji yanamwagwa, oili inamwagwa, filta inatoka, kasha linafunguliwa, oili kula inaachiwa nati zake. Simamia mambo mawili. Sehemu za kukalia gasketi zikwanguliwe zibaki chuma kitupu bila kukwaruzwa, na gasketi na mipira yote midogo iwe mipya. Fundi akitaka kupaka silikoni nyingi badala ya gasketi, mkatalie: ile inayotokeza ndani inakatika na kwenda kuziba njia za oili. Boliti zikazwe kwa kupishana, taratibu, siyo upande mmoja hadi mwisho.

Kazi kubwa, na ndiyo inayorukwa, ni kuosha. Ule uji umeenea rejeta, bloku, hita na mipira yote. Ukiuacha, gari litachemsha na mtasema oili kula mpya ni feki. Toeni themostati kwa muda ili maji yazunguke bila kizuizi, wekeni maji ya moto na dawa ya kuondoa grisi isiyo na povu jingi, injini itembee mpaka ipate joto, zima, iache ipoe, mwaga. Rudieni mpaka maji yatoke bila utelezi, inaweza kuwa mara nne au tano. Msitie petroli, dizeli wala mafuta ya taa humo. Ni hatari ya moto na yanaharibu mipira. Mipira ya rejeta iliyoloweshwa oili huvimba na kulainika, iminye kwa vidole, ile iliyo laini kama andazi badilisha. Halafu themostati irudishwe! Kuna fundi atakwambia bila hiyo injini inapoa vizuri zaidi. Injini iliyotengenezwa na themostati inaihitaji, hata Morogoro kwenye joto.

Kama maji yaliingia kwenye oili, weka oili ya kawaida na filta mpya, injini itembee muda mfupi bila mzigo, mwaga zote, kisha ndiyo uweke oili nzuri na filta nyingine. Inauma kumwaga oili mpya, najua.

Baada ya hapo jaza kulanti, siyo maji ya bomba. Watu wanadhani kulanti ni ya nchi za barafu tu. Kazi yake nyingine ni kuzuia kutu na ukoko, na kutu ndiyo iliyotoboa ile oili kula ya kwanza. Soma chupa: kama ni ya kuchanganya, nusu kwa nusu na maji safi. Maji ya mvua uliyokinga vizuri ni bora kuliko ya kisima chenye chumvi.

Yale mnayomwaga nayo yana sheria shambani kwangu. Kulanti ina ladha ya utamu na ni sumu. Mbwa au mbuzi akilamba dimbwi lake anaweza kufa kwa figo. Oili chafu isiende kwenye mfereji wa kumwagilia, wala usiipake kwenye mashina ya miti kama dawa ya mchwa, nimeona mtu anafanya hivyo kwenye miparachichi. Ikinge kwenye dumu, uifunge, uiandike, umpelekee anayekusanya.

Safari tatu za kwanza beba mzigo mdogo. Kila asubuhi, injini ikiwa baridi, angalia chupa na stiki kabla hujawasha. Utando mwembamba wa mafuta juu ya maji siku za mwanzo unaweza kuwa mabaki. Ufute kwa kitambaa cheupe. Kesho yake ukiukuta umeongezeka, rudi kwa fundi na hicho kitambaa.