Zindiko la Ulimwengu: Uthabiti wa Uhalisia na Gharama Yake katika Riwaya za Earthsea

Ikisiri

Makala haya yanafafanua namna uganga unavyotumika kama teknolojia ya kuushikilia ulimwengu usisambaratike katika riwaya za Ursula K. Le Guin kuhusu visiwa vya kubuni vya Earthsea. Kwa kutumia jozi ya vitenzi vya Kiswahili zindika na zindua, makala yanadai kwamba kila zindiko lina gharama, na kwamba swali la msingi ni nani anayeilipa.

1.0 Utangulizi

Katika Kiswahili, kuzindika ni kumkinga mtu au mahali kwa dawa ili madhara yasipenye. Fingo nalo hufukiwa ardhini kwa lengo hilohilo. Zindika ina kinyume chake, zindua, kama zilivyo funika na funua, bandika na bandua, anika na anua. Kimofolojia, kitenzi cha kufunga kina mwenzake wa kufungua, na mzizi ni mmoja. Jozi hii inafaa kuzisomea riwaya za Earthsea, ambamo kinachozindikwa si nyumba wala shamba, bali uhalisia wenyewe.

2.0 Jina kama Chombo

Katika Earthsea kila kitu kina jina la kweli katika Lugha ya Uumbaji. Anayelijua jina hilo ana mamlaka juu ya mwenye jina. Ndiyo maana wanafunzi wa kisiwa cha Roke hukaa kwa Kurremkarmerruk wakikariri orodha ndefu za majina. Hata hivyo, ufundi huu una mipaka. Kuligeuza kokoto liwe johari kwa kweli, si kwa kiinimacho, kunadai jina lake libadilishwe, na badiliko hilo dogo linagusa mizani ya ulimwengu mzima. Mganga aliyekomaa, kwa hiyo, hutambulika zaidi kwa yale anayojizuia kuyatenda.

3.0 Ufa na Mzibaji

Katika A Wizard of Earthsea (1968), Ged, kijana mwenye majivuno, anaiita roho ya Elfarran, mwanamke aliyekufa zamani. Ulimwengu unapasuka na kivuli kinapenya. Nemmerle, mkuu wa waganga, anauziba ufa huo, lakini kazi hiyo inammaliza nguvu na anakufa. Katika The Farthest Shore (1972), Cob, akitafuta kutokufa, amefungua mlango baina ya uhai na mauti. Dalili za kwanza za maafa ni za kilugha: waganga wanasahau maneno ya uganga wao, waimbaji wanasahau nyimbo. Ged anaufunga mlango, naye anabaki bila uganga wowote. Katika visa vyote viwili mzibaji analipa kwa nafsi yake; hilo ndilo linalolipa zindiko lake uhalali wa kimaadili.

4.0 Ukuta na Wanaoulipia

The Other Wind (2001) inalitazama suala hili upya. Ukuta wa mawe unaoitenga nchi ya wafu, ambao katika riwaya za awali ulionekana kuwa sehemu ya maumbile, unabainika kuwa kazi ya waganga wa kale. Kwa tamaa ya kuishi milele, walitwaa sehemu ya milki ya mazimwi na kuizungushia ukuta. Gharama wanailipa wafu, waliokwama humo bila pumziko, wakiomba waachiliwe. Anayesikia kilio chao ni Alder, fundi wa kuunga vilivyovunjika, ambaye marehemu mkewe ni mmoja wao. Kinaya kiko wazi: mtu aliyeishi kwa kuunga anashiriki kuubomoa ukuta, na ubomoaji huo ndio unaoiponya dunia.

5.0 Hitimisho

Riwaya hizi hazilingani katika jibu lake. Mbili za awali zinauona mpasuko kuwa hatari ya kuzibwa. Ya mwisho inauona ukuta kuwa ndio mpasuko. Jozi ya zindika na zindua inayaeleza yote mawili bila kuyapinganisha, kwa kuwa inamruhusu mhakiki kuuliza, kabla ya kusifu uthabiti wowote, nani alizindika, kwa faida ya nani, na nani aliachwa upande wa pili.