Mwalimu Asiyeitwa Mfanyakazi

Sogeeni, wajukuu zangu, nafasi ipo. Leo siwapi hadithi ya Sungura na Fisi. Nawasimulia jambo la kweli lililotokea India, wilaya ya Dahod, katika jimbo la Gujarat.

Mwaka 1975 serikali ya India ilianzisha mpango mkubwa wa malezi ya watoto wadogo. Vikafunguliwa vituo viitwavyo anganwadi, na leo vimezidi milioni moja. Kituo kina mama mmoja anayekiongoza, pamoja na msaidizi wake. Asubuhi msaidizi anafagia na kuinjika chakula. Mwenzake anakaa na watoto wa miaka 3 hadi 6, anawafundisha nyimbo, rangi na kuhesabu. Siku ya kupima uzito, mtoto anatiwa kwenye mfuko wa kitambaa unaoning'inia kwenye mizani. Anarusha miguu, analia, na mama wa watu anangoja mshale utulie ndipo aandike kilo kwenye daftari. Kisha awazungukie wajawazito nyumba kwa nyumba.

Mnajua serikali iliwahesabu kuwa nani? Watu wa kujitolea. Walichopewa kila mwezi kiliitwa posho, si mshahara. Msidhani ni jambo dogo. Mfanyakazi ana sheria nyuma yake: kuna kima cha chini cha mshahara, na akistaafu kuna kiinua mgongo. Anayejitolea huagwa kwa shukrani tu, akaenda zake. Mwaka 2006 Mahakama ya Juu ya India ilikwishasema kwamba mama hawa hawashiki cheo chochote cha utumishi wa serikali.

Sasa kina mama wa Dahod wakazeeka, wakastaafu, wakadai kiinua mgongo. Ofisa anayesimamia sheria ya kiinua mgongo akawakubalia. Wilaya ikakataa. Jaji wa Mahakama Kuu akawa upande wa kina mama. Mwaka 2017 majaji wengine wa mahakama hiyohiyo wakaupindua uamuzi wake. Fikirieni wazee wale, wanapanda na kushuka ngazi za mahakama wakidai haki ya miaka waliyokwisha kuitumikia! Hawakukata tamaa. Wakaenda Delhi, Mahakama ya Juu.

Tarehe 25 Aprili 2022, majaji Ajay Rastogi na Abhay Oka wakatoa hukumu. Hawakuishia kwenye jina walilopewa kina mama. Walitazama kazi yenyewe. Vituo vile, walisema, vinatekeleza sheria ya chakula ya mwaka 2013, na vinafanya lile linalotajwa na sheria ya elimu ya mwaka 2009, yaani kuwaandaa watoto kabla ya darasa la kwanza. Kwamba eti ni kazi ya saa chache tu, majaji hawakukubali: ni kazi ya kutwa. Na ile posho, kwa sheria ya kiinua mgongo ya mwaka 1972, ni mshahara. Basi walipwe, pamoja na riba ya asilimia 10 kwa mwaka kwa kucheleweshewa.

Kiasi gani? Chukueni kalamu. Sheria inatoa mshahara wa siku 15 kwa kila mwaka wa kazi, na mwezi huhesabiwa siku 26. Gujarat wakati ule kiongozi wa kituo alipata rupia 7,800 kwa mwezi. Gawanyeni kwa 26, zidisheni kwa 15: rupia 4,500. Aliyefanya kazi miaka 30 anapata rupia 135,000. Si utajiri, lakini mzee anaweza kutengeneza paa la nyumba yake.

Hata hivyo hukumu ile haikuwafanya watumishi wa serikali. Ilifungua mlango wa kiinua mgongo tu, na majaji waliiomba serikali itazame upya hali yao. Mimi nasema waziwazi: anayewafundisha watoto wa nchi kila siku, kwa mpango wa serikali na kwa ratiba ya serikali, ni mfanyakazi, na anastahili kulipwa hivyo tangu mwezi wa kwanza, asingoje mpaka astaafu.