Mtoto Anapoanza Kujua Kuwa Yeye ni Yeye

Siku za kliniki hapa Nyololo kuna swali tunaloulizwa kwa sauti ya chini, mtoto akiisha kupimwa uzito. "Nesi, mwanangu ana mwaka na nusu. Nikimwonyesha kioo anacheka tu kama ameona mtoto mwingine. Mtoto wa wifi yangu wa mjini anajijua. Je, wangu akili yake iko sawa?"

Swali hili lisimwondolee mama usingizi. Tutazame kwanza jinsi mtoto anavyojijua.

Kujijua huanza kabla ya kioo

Mwaka 1997 wataalamu Philippe Rochat na Susan Hespos walieleza walichokiona kwa watoto wa siku moja. Mtoto akiguswa shavuni na kidole cha mtu, hugeuza kichwa kutafuta ziwa. Akijigusa kwa mkono wake mwenyewe, hageuki mara nyingi kiasi hicho. Kumbe mtoto mchanga tayari hutofautisha mguso wake na wa mtu mwingine.

Akifikia kama miezi mitatu huiangalia mikono yake kwa mshangao. Kwenye miezi tisa hugeuka akiitwa jina lake, na wengi hulia mama anapotoka. Kufikia miaka miwili huanza kusema "mimi", "yangu" na "sitaki". Mama huona ni ukaidi, kumbe mtoto amegundua kuwa naye ni mtu mwenye nia yake.

Habari ya kioo

Kipimo cha kioo kwa watoto kilielezwa mwaka 1972 na Beulah Amsterdam wa Marekani. Mtoto hupakwa rangi puani bila kujua, kisha huwekwa mbele ya kioo. Akigusa pua yake mwenyewe, husemwa kuwa amejitambua. Watoto wengi aliowapima walifanya hivyo kati ya miezi 20 na 24. Kwa hiyo hata kwa kipimo hicho, mtoto wa mwaka na nusu hajachelewa.

Tena, kipimo hicho hakiwafai watoto wote. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2011, watoto 82 wa Kenya, wa umri wa mwaka mmoja na nusu hadi sita, walibandikwa karatasi kwenye paji la uso. Wawili tu ndio waliofaulu. Wengi walisimama kimya wakijitazama. Je, mtoto wa miaka sita hajijui? Watafiti wenyewe hawakusema hivyo. Sisi tuliolea watoto hapa tunaelewa: mtoto aliyefundishwa heshima, mbele ya mgeni, hungoja aambiwe la kufanya.

Mwaka 2017 ulitoka utafiti mwingine uliohusu watoto wa miezi 15 hadi 18 wa Scotland, Uturuki na Zambia, nchi jirani inakoelekea barabara yetu kuu. Mtoto alisimamishwa juu ya mkeka, akaambiwa ampe mama yake mkeka huo. Ili aweze, ilimpasa atambue kuwa mwili wake ndio unaouzuia, ashuke. Watoto wa Scotland waliongoza kwenye kioo. Kwenye mkeka, wa Zambia waliwashinda wale wa Scotland. Watafiti walihusisha jambo hilo na malezi: mama wa Zambia hushika mtoto na kumwelekeza kwa mikono, wa Scotland humsemesha zaidi kwa mbali.

Tufanye nini nyumbani?

Tuendelee kuwabeba mgongoni, hasa baridi ya Juni na Julai inapokaza. Lakini mdomo nao usilale. Tukichambua maharage au kurudi shambani, tumwite kwa jina lake, tumtajie pua, sikio na mguu wake. Tumtume vitu vidogo: "Leta kikombe." Tumwache achague kati ya kiazi hiki na kile.

Tuchunge pia majina tunayompa kwa hasira. Mtoto anayeitwa "mjinga" kila siku hujifunza kuwa huyo ndiye yeye.

Wakati wa kwenda kliniki

Kioo kisitutishe, ila kuna dalili zisizofaa kungojewa. Mtoto wa mwaka mmoja asiyegeuka akiitwa wala kushtushwa na kishindo, mtoto wa mwaka na nusu asiyeonyesha kitu kwa kidole, au yeyote aliyepoteza alichokwisha jifunza, aletwe mapema. Tuanze na masikio. Mtoto asiyesikia anaweza kuchapwa miaka mingi kwa kuitwa mkaidi, kumbe jina lake hajapata kulisikia hata mara moja.